Tuktu na mbwa wake: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Ukurasa huu umeandikwa kwa ajili ya wazazi, walimu na wapenzi wa filamu za zamani wanaokutana na Tuktu kwa mara ya kwanza, na pia kwa wale waliomtazama utotoni wakabaki na maswali. Anayetaka jibu moja aliruke hadi swali lake. Mwenye muda asome yote, kwa sababu majibu mengine yanategemeana.

Tuktu ni nani?

Ni mvulana wa Kiinuit, yaani wa wenyeji wa asili wa Aktiki, nchi za baridi kali za kaskazini mwa dunia, katika mfululizo wa filamu fupi 13 za watoto zilizotolewa na National Film Board of Canada, shirika la filamu la serikali ya Kanada, kati ya 1966 na 1968. Kila filamu ina dakika 14 hivi na zote ni za rangi. Anayesimulia ni Tuktu mwenyewe akiwa mzee, anakumbuka alivyokuwa mdogo: siku baba alipoleta nyumbani sili mkubwa, mnyama wa baharini, siku walipojenga nyumba ya theluji, majira ya kuvua samaki, michezo ya ndani wakati tufani inavuma nje, mashindano ya nguvu, utengenezaji wa kayaki, yaani mtumbwi mwembamba wa ngozi. Filamu moja nzima inahusu mbwa, na ndiyo inayoleta maswali mengi kuliko zote.

Mwongozaji alikuwa Laurence Hyde, ambaye pia alikuwa msanii wa kuchonga picha kwenye mbao. Sauti ya mzee Tuktu ni ya Tommy Tweed, mwigizaji wa redio wa Kanada.

Ni hadithi ya kubuni au maisha ya kweli?

Hapa lazima tutulie, maana jibu la neno moja litakupotosha.

Picha unazoziona hazikupigwa kwa ajili ya Tuktu. Zilipigwa kwa ajili ya mradi mkubwa wa kumbukumbu za Wanetsilik, jamii ya Wainuit wa Pelly Bay. Kazi ya kupiga picha ilifanyika majira ya joto ya 1963 na 1964, kisha mwishoni mwa majira ya baridi ya 1965. Msimamizi wa upande wa utafiti alikuwa Asen Balikci, mwanaanthropolojia wa Chuo Kikuu cha Montréal, akisaidiwa na padri Guy Mary-Rousselière aliyeishi Aktiki miaka mingi. Kutokana na mradi huo zilipatikana filamu tisa ndefu, zilizogawanywa katika vipande 21 vya nusu saa. Hyde alichukua picha hizo hizo, akazikata upya, akaziwekea msimulizi na kisa cha mtoto.

Kwa hiyo jina Tuktu na kumbukumbu zake ni utunzi. Lakini mikono inayokata matofali ya theluji ni mikono ya watu waliojua kuyakata. Mbwa ni mbwa wao. Mtoto unayemwona yuko na jamaa zake, na baridi anayoisikia ni baridi kweli.

Liko jambo jingine. Kufikia 1963 watu wa Pelly Bay hawakuwa wakiishi hivyo. Walikuwa na bunduki, misheni ya Kikatoliki ilikuwepo tangu miaka ya 1930, na bidhaa za dukani zilikuwa zimeingia. Balikci aliwaomba waigize maisha ya mwanzoni mwa karne ya 20, kabla bunduki hazijaenea. Wakashona upya mavazi ya ngozi, wakatengeneza pinde, machusa na kayaki, wakiongozwa na wazee waliokuwa wameyaishi hayo ujanani. Mimi naiona kuwa heshima kubwa: wajukuu wakiigiza babu zao mbele ya kamera, huku babu mwenyewe amekaa pembeni anasahihisha.

Pelly Bay iko wapi?

Kaskazini mwa Kanada, ndani ya mzingo wa Aktiki, kwenye eneo ambalo tangu tarehe 1 Aprili 1999 linaitwa Nunavut. Kijiji chenyewe siku hizi kinaitwa Kugaaruk na kina wakazi elfu moja hivi. Hakuna miti, na hata magogo yanayoelea baharini hayafiki huko. Kumbuka hilo la miti. Linaeleza nusu ya mambo ya ajabu utakayoyaona.

Mbwa ana kazi gani hasa? Mbona haonekani kama rafiki wa kucheza naye?

Wengi wetu tumezoea filamu ambazo mbwa ni shujaa: anamwokoa mtoto kwenye mto, anamkamata mwizi, mwisho anakumbatiwa. Ukimtafuta mbwa wa namna hiyo kwa Tuktu utasikitika bure. Huyu ni mbwa mfanyakazi, na katika nchi ile bila yeye chakula kinaweza kukosekana.

Chukua uwindaji wa sili wakati wa baridi. Bahari imeganda na juu yake pana theluji. Sili yuko chini ya barafu, lakini ni mnyama anayepumua hewa, kwa hiyo hutunza matundu kadhaa ya kupumulia kwa kuyakwangua kwa kucha ili yasizibe. Tundu hilo limefunikwa na theluji na jicho la mtu haliwezi kuliona. Mwindaji anatembea na mbwa amemfunga kamba. Mbwa ananusa, anageuka kuufuata upepo, anasimama, anaanza kufukua kwa pua. Hapo ndipo penyewe.

Kuanzia hapo kazi ni ya mtu. Anamwondoa mbwa, anakwangua theluji, anaingiza kipande chembamba cha pembe kilichopinda ili ajue tundu limekaaje chini. Kisha anarudisha theluji na kuweka kijiti chepesi cha kumwonyesha maji yanapotikisika. Chini ya miguu anatandika kipande cha manyoya, maana mlio wa kiatu juu ya barafu unasikika hadi majini. Anainama, chusa mkononi, anangoja. Anaweza kungoja saa nyingi. Na kwa kuwa sili ana matundu mengi, wawindaji husambaa, kila mmoja na lake, hawajui atatokea kwa nani. Kijiti kikitikisika, chusa kinashuka.

Na sili akipatikana, mbwa yule yule ndiye anayesaidia kumburuza hadi kambini.

Kazi nyingine: kuvuta sleji, yaani chombo cha kuburuzwa juu ya theluji, wakati wa kuhama. Kumzingira dubu mweupe asikimbie mpaka mwindaji afike. Na majira ya joto, theluji ikiisha na sleji haina kazi, mbwa hubebeshwa mizigo mgongoni, mifuko miwili ya ngozi ubavuni, kama punda, familia ikielekea bara kuwafuata kulungu wa kaskazini. Watu wengi hushangazwa na picha hiyo, kwa sababu tumezoeshwa kudhani mbwa wa Aktiki ni wa theluji tu.

Kwa nini familia ina mbwa wachache? Nilidhani sleji huvutwa na mbwa kumi au zaidi.

Mbwa anakula kile kile ambacho mtu anakula: nyama na samaki. Zamani za chusa na upinde, mwindaji wa Kinetsilik aliweza kulisha mbwa mmoja au wawili, mara nyingine zaidi kidogo. Ndiyo maana utaona mwanamke na mwanamume wamejifunga kamba nao wanavuta sleji bega kwa bega na mbwa. Makundi makubwa ya mbwa yalikuja baadaye, bunduki na nyavu zilipofanya nyama ipatikane kwa wingi zaidi.

Je, mbwa wanalala ndani na watu?

Swali hili huulizwa sana na wasomaji wa pwani, na ni swali la haki kwa watu ambao kwao mbwa haingii alipo mtu na mkeka wake wa kusalia. Kwa kawaida mbwa wakubwa walilala nje. Mbwa hujikunja, mkia juu ya pua, theluji ikamfunika, na manyoya yake ya tabaka mbili yanatosha kumhifadhi. Jike mwenye watoto wachanga hupewa sehemu ya kujikinga karibu na mlango, na vitoto vya mbwa huingizwa ndani vikapata joto na kuwazoea watu. Hapo ndipo mtoto wa kibinadamu anapoingia: kulea kitoto cha mbwa na kukifundisha kuvuta kitu kidogo ilikuwa shule ya mwanzo ya mvulana.

Eti kuna sleji iliyotengenezwa kwa samaki?

Ndiyo, na si masihara. Rudi kwenye lile la miti. Wanetsilik walikosa mbao, wakatumia walichokuwa nacho. Ngozi ya hema la majira ya joto, ambalo halihitajiki tena baridi ikiingia, hulowanishwa majini, huviringishwa, na kuachwa igande. Samaki waliweza kupangwa ndani yake. Ikishaganda inakuwa ngumu kama gogo. Magogo mawili ya namna hiyo ndiyo miguu ya sleji, na vipande vya pembe za kulungu hufungwa kwa kukingama juu yake.

Kisha chini ya miguu hupakwa kinyunga cha mboji, kinaachwa kigande, na juu yake mtu hutema maji ya uvuguvugu kutoka mdomoni huku akipangusa kwa kipande cha ngozi ya dubu. Maji yanaganda papo hapo na kuacha utando laini unaoteleza. Majira ya kuchipua, joto likirudi na sleji ikianza kuyeyuka, samaki wa ndani wanalika na ngozi wanapewa mbwa. Hakuna kinachotupwa.

Watoto wangu watazame? Kuna damu?

Kuna damu. Sili anapasuliwa, kulungu anachunwa, samaki wanakatwa wakiwa wabichi, na mtoto anapewa jicho la samaki alile kama sisi tunavyompa mtoto peremende. Katika filamu ndefu za mradi ule kuna pia ndege anayepigwa mawe na watoto, jambo linalowaumiza watazamaji wengi. Filamu za Tuktu ni laini zaidi, kwa sababu zilikatwa kwa ajili ya wadogo na msimulizi anaeleza kila hatua.

Kwa maoni yangu, mtoto aliyewahi kuona kuku akichinjwa kwa ajili ya Idi au Krismasi hatashtuka. Mtoto wa ghorofani anayeijua nyama ya kwenye friji tu atahitaji mtu mzima pembeni. Mweleze desturi hii ya Wanetsilik: sili akiletwa nyumbani, mwanamke humtia maji matamu kidogo mdomoni, kwa kuwa kiumbe aliyeishi kwenye maji ya chumvi huaminiwa kuwa ana kiu, na roho ya sili aliyekaribishwa vizuri itarudi tena kwa wawindaji. Mtoto atakuuliza maswali mazuri kuliko haya ya kwangu.

Nimesikia filamu hizi zilizua mgogoro Marekani. Kwa nini?

Mgogoro haukumhusu Tuktu moja kwa moja. Zile filamu ndefu ziliingizwa kwenye mtaala wa shule za msingi wa Marekani ulioongozwa na mwanasaikolojia Jerome Bruner, kwa fedha za taasisi ya serikali ya sayansi. Watoto wa miaka kumi hivi walitazama maisha ya Wanetsilik ili wajiulize binadamu ni nini na anajifunzaje. Masomo yale yaligusa pia njaa, wazee kuachwa nyuma na watoto wachanga kufa, mambo yaliyotokea miaka ya dhiki. Baadhi ya wazazi na wanasiasa walisema mtaala unawafundisha watoto kwamba hakuna jema wala baya la kudumu. Mwaka 1975 mbunge John Conlan wa Arizona aliupeleka ugomvi huo hadi Bunge la Marekani, na fedha za mtaala zikakatwa.

Nasikitika kwamba katika kelele zote hizo, watu wa Pelly Bay walizungumziwa sana na kuulizwa kidogo.

Filamu hazionyeshi nini?

Hazionyeshi 1963. Kamera ikigeuzwa kidogo tu ungeona kanisa na bunduki. Hilo tunaweza kulielewa. Waliigiza zamani kwa makusudi.

Kinachoniuma ni jingine. Ndani ya filamu tunaona mtoto akijifunza kwa kumtazama baba: hakuna darasa wala kitabu, baba anachonga na mtoto anachonga chake kidogo. Lakini miaka hiyo hiyo, watoto wa ukanda ule, wa Pelly Bay wakiwemo, walikuwa wakipandishwa ndege kwenda shule ya bweni ya Chesterfield Inlet, mamia ya kilomita kutoka kwao. Hosteli yake ilifanya kazi kuanzia 1955 hadi 1969. Huko walifundishwa kwa Kiingereza na kukaa miezi mingi bila kuwaona wazazi. Wengi waliteswa. Tarehe 11 Juni 2008 Waziri Mkuu Stephen Harper aliomba radhi bungeni kwa niaba ya Kanada kwa ajili ya mfumo mzima wa shule hizo.

Kwa hiyo unapomtazama Tuktu akikaa kwenye ubavu wa baba yake, jua kwamba unaangalia elimu ambayo serikali ya nchi hiyo hiyo, ambayo shirika lake lilitoa filamu hizi, ilikuwa ikiikata.

Na mbwa je? Ni kweli waliuawa?

Ni kweli. Kati ya miaka ya 1950 na 1970 Wainuit wa Aktiki ya mashariki walipoteza maelfu ya mbwa. Wengine walikufa kwa magonjwa. Wengine waliachwa watu walipohamishiwa vijijini au pikipiki za theluji zilipoingia. Lakini wengi walipigwa risasi na polisi na maofisa wengine, kwa sheria iliyokataza mbwa kuzurura bila kufungwa. Sheria hiyo haikufaa huko: mbwa wa sleji akifungwa mnyororo siku nzima hudhoofika, na wengi wa wenye mbwa hawakuelezwa sheria hiyo kwa lugha yao.

Mtu akifika kijijini kumtembelea mgonjwa au kununua unga, akakuta mbwa wake wote wameuawa, hawezi tena kurudi kambini. Hana namna ya kuwinda. Amegeuzwa mkazi wa kijiji kwa siku moja.

Polisi wa Kanada walichunguza wenyewe na kutoa ripoti mwaka 2006 wakikana kwamba ulikuwa mpango. Wainuit wa eneo la Qikiqtani, mashariki mwa Nunavut, waliunda tume yao ya ukweli, ikasikiliza ushahidi wa wazee kijiji kwa kijiji na kutoa ripoti 2010. Agosti 2019 serikali ya shirikisho iliwaomba radhi watu wa Qikiqtani. Wa Nunavik, kaskazini mwa Quebec, waliahidiwa fidia na serikali ya jimbo 2011, na serikali ya shirikisho ikawaomba radhi Novemba 2024, pamoja na fidia ya dola milioni 45 za Kanada. Wazee wengi waliotoa ushahidi hawakuiona siku hiyo.

Je, Wainuit wenyewe wametengeneza mfululizo wao?

Ndiyo, na ukimaliza Tuktu nakuomba uende huko moja kwa moja.

Kijiji cha Igloolik, huko huko Nunavut ya leo, kilipiga kura kuikataa televisheni mwaka 1975, kikaikataa tena 1979, kwa sababu vipindi vyote vilikuwa vya Kiingereza na wazee waliona vitawanyang'anya watoto. Walikubali mwaka 1983, baada ya shirika la utangazaji la Wainuit kuanza kurusha vipindi vya Kiinuktitut, lugha yao. Mwaka 1981 mchongaji kijana wa hapo, Zacharias Kunuk, alikuwa ameuza vinyago vyake Montréal akanunua kamera ya video. Yeye na wenzake walianzisha kampuni ya Isuma, na mwaka 1994 na 1995 wakatoa mfululizo wa televisheni uitwao *Nunavut*, sehemu 13, unaoonyesha maisha ya Igloolik mwaka 1945.

Sehemu ya kwanza inahusu safari ya mbwa. Baba, familia yake, mwanawe mdogo, na somo la kuishi barafuni. Ni kisa kile kile cha Tuktu, ila safari hii aliyeshika kamera anaijua lugha ya wanaoigiza, na hakuna msimulizi wa mbali anayekuambia ufikiri nini. Watu wanataniana, wanabishana, wanachoka. Kunuk ndiye baadaye aliyeongoza *Atanarjuat*, iliyoshinda tuzo ya filamu ya kwanza bora Cannes 2001.

Sijui Kiingereza vizuri. Nitaelewa?

Tuktu ana msimulizi wa Kiingereza kuanzia mwanzo hadi mwisho, ingawa ni Kiingereza chepesi. Lakini zile filamu ndefu za Wanetsilik hazina msimulizi kabisa. Unasikia upepo, theluji chini ya miguu, mbwa, na watu wakisema lugha yao bila tafsiri. Mzungumzaji wa Kiswahili na profesa wa London wanaingia wakiwa sawa: wote inabidi watazame. Darasani hilo ni faida kubwa, kwani watoto wanaweza kusimulia wenyewe kwa Kiswahili wanachokiona.

Tovuti ya National Film Board huonyesha filamu zake nyingi bure, na kazi za Isuma ziko kwenye tovuti yao. Vichwa vya zamani vinatumia neno Eskimo, kwa hiyo utalihitaji unapotafuta, ingawa Kanada halitumiki tena kuwaita Wainuit.

Nianze na ipi?

Mtoto wa chini ya miaka minane: ya nyumba ya theluji, kisha ya michezo ya ndani. Mkubwa zaidi: ya mbwa, halafu ile ya samaki elfu kumi, ambamo wanavulia kwenye uzio wa mawe uliojengwa mtoni na kuwasha moto kwa kupekecha, mvuvi yeyote wa wando atajikuta anakubali kwa kichwa. Mtu mzima aanze na filamu ndefu ya kambi ya majira ya baridi juu ya barafu ya bahari.

Mbwa wa aina ile bado wapo?

Wapo. Mwanzoni mwa miaka ya 1970 walikuwa karibu kutoweka, ndipo Bill Carpenter na John McGrath walipoanza kuwakusanya kutoka kambi za mbali na kuwazalisha katika mji wa Yellowknife, kaskazini mwa Kanada. Tarehe 1 Mei 2000 Nunavut ilimtangaza mbwa huyo kuwa mnyama wake rasmi. Hadi leo kuna familia zinazowinda nao, na kuna vijana wanaojifunza upya kwa wazee namna ya kuwafunga kwa mtindo wa upepeo uliokunjuliwa, kila mbwa na kamba yake, wakitandaa mbele ya sleji.